Wasomaji Wauliza: Mgomo Uko Langoni, Polisi Wako Wapi?

Tangu safu hii ilipoeleza jinsi notisi ya mgomo inavyotolewa, barua nyingi zimetufikia kuhusu polisi. Waajiri wanauliza namna ya kuwaleta, wafanyakazi wanauliza namna ya kuwazuia wasiwapige, na wapo waliokwama katikati. Karibu wote wanataka kujua kama mahakama inaweza kuwaamuru polisi watoe ulinzi wakati wa mgogoro wa kazi, na amri hiyo ikitolewa inamlinda nani hasa. Barua tulizochagua tumezifupisha, na majina tumeyaondoa.

SWALI: Nina shamba la maua karibu na Ziwa Naivasha. Wafanyakazi wangu wamegoma wakidai nyongeza ya mshahara iliyomo katika makubaliano ya pamoja, na tangu siku ya tatu ya mgomo baadhi yao wameziba lango kwa mawe ili lori linalopeleka maua uwanja wa ndege lisitoke. OCS, yaani mkuu wa kituo cha polisi, ananiambia haya ni mambo ya mwajiri na wafanyakazi wake, na kwamba hawezi kugusa kitu bila amri ya mahakama. Nimeshauriwa niwasilishe ombi la kikatiba mara moja. Je, ndiyo njia? — Mkulima, Naivasha

JIBU: OCS wako ana haki katika jambo moja na amekosea katika jingine. Madai ya nyongeza ni mgogoro wa kazi, na polisi hawana mamlaka ya kuamua nani anamdai nani. Lakini kuziba njia kwa mawe, kumzuia mtu asitoke au asiingie, kumtisha dereva au kuharibu mali ni mambo ya jinai yawe yamefanywa na mgomaji, na mlevi wa barabarani au na jirani yako, na afisa wa polisi hahitaji hakimu amwambie afanye kazi ambayo Katiba na Sheria ya Huduma ya Taifa ya Polisi ya mwaka 2011 zimekwisha kumpa. Kwa hiyo kabla ya kufikiria mahakama, nenda kituoni uandikishe tukio, uchukue namba ya OB (kitabu cha matukio cha kituo), na siku hiyohiyo umwandikie OCS barua, nakala ikienda kwa kamanda wa kaunti, ukieleza kilichotokea na unachoomba. Jaji atataka kwanza kujua kama uliwaomba polisi na wakakataa. Ukienda mahakamani bila karatasi hizo, utaulizwa kwa nini unaiomba mahakama iwasukume watu ambao hukuwahi kuwabishia hodi.

Polisi wakikataa, au wakija na kuondoka huku mawe yamebaki palepale, mlango wa mahakama uko wazi. Kwa Kenya mlango wenyewe ni Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi, iliyotokana na kifungu cha 162 cha Katiba ya mwaka 2010 na yenye hadhi sawa na Mahakama Kuu. Wapo mawakili wanaokimbilia Mahakama Kuu kwa kudhani kwamba ombi lenye neno “polisi” ni la huko, kisha wanapoteza wiki nzima wakibishana juu ya mamlaka huku maua yanaoza kwenye chumba baridi. Ikiwa kiini cha yote ni mgomo, nenda kwenye mahakama ya kazi. Waunganishe katika kesi chama cha wafanyakazi, Inspekta Jenerali wa Polisi na Mwanasheria Mkuu, na umtaje OCS kwa cheo cha ofisi yake.

Kuhusu kama liwe ombi la kikatiba au kesi ya kawaida yenye maombi ya zuio, yaani amri ya kumkataza mtu asifanye jambo, mimi kwa hali yako ningechagua njia ya pili. Tangu kesi ya Anarita Karimi Njeru ya mwaka 1979, mahakama zetu zinamtaka anayedai kwamba haki yake ya kikatiba imevunjwa aeleze kwa usahihi ni haki gani, ni kifungu gani, na imevunjwa namna gani. Ombi lililojaa vifungu vya Katiba na lisiloeleza lango liko wapi wala nani alikuwa amesimama pale huwa dhaifu kuliko maombi mafupi yanayosimulia tukio. Zuio la muda nalo lina vigezo vyake vilivyowekwa katika kesi ya Giella dhidi ya Cassman Brown ya mwaka 1973: uonyeshe kesi yenye mashiko, uonyeshe madhara yasiyoweza kufidiwa kwa fedha, na jaji akiwa bado na shaka apime upande upi utaumia zaidi. Maua yanayoharibika yanasaidia hoja ya dharura, lakini usiyategemee peke yake, kwa maana hasara ya maua inahesabika kwa shilingi na upande wa pili utasema inaweza kulipwa. Hatari kwa mwili wa dereva haihesabiki hivyo.

Sasa hati ya kiapo. Hapa ndipo maombi mengi ya waajiri yanapoanguka, na naomba unisikilize kwa makini. Nimesoma hati nyingi zinazosema, “Wafanyakazi wamefanya fujo na kuhatarisha maisha na mali.” Sentensi hiyo haimsaidii jaji kitu, kwa sababu inaweza kunakiliwa kutoka shamba lolote. Andika hivi: kwamba siku fulani, saa kumi na mbili na nusu asubuhi, lori lenye namba fulani lilifika lango la upande wa ziwa, kwamba mawe matano makubwa yalikuwa yamepangwa katikati ya njia, kwamba watu wapatao ishirini walikuwa wamesimama nyuma ya mawe hayo na wawili kati yao, unaowatambua kwa majina na idara, walipanda ngazi ya lori wakamwambia dereva atalala hospitalini akiwasha injini, kwamba dereva mwenyewe ameapa hati yake, na picha zimeambatishwa. Eleza pia yale yasiyokupendeza: kwamba wagomaji wengine mia kadhaa walikuwa wamekaa chini ya miti ng'ambo ya barabara wakiimba, bila kumgusa mtu. Jaji akiona umekiri hilo atakuamini kwa yale mengine, na amri atakayoitoa itawagusa waliokosa, haitawafagia wote.

Lipo jambo ambalo huenda wakili wako hakukwambia. Umeandika kwamba nyongeza inayodaiwa iko katika makubaliano ya pamoja. Ikiwa makubaliano hayo yamesajiliwa na mahakama, yanatekelezeka kisheria, na swali la kwanza utakaloulizwa ni kwa nini hujalipa. Wafanyakazi nao wataulizwa kama walitimiza masharti ya Sheria ya Mahusiano ya Kazi ya mwaka 2007, yaani mgogoro upitie usuluhishi bila kupata suluhu, kisha notisi ya maandishi ya siku saba itolewe kwako na kwa Waziri. Kama hawakufanya hivyo, mahakama inaweza kuuzuia mgomo wenyewe, na hilo ni ombi tofauti kabisa na la ulinzi. Usiyachanganye mawili haya katika aya moja. Mgomo unaweza kuwa halali na uzibaji wa lango ukawa haramu. Vilevile mgomo unaweza kuwa haramu na bado mgomaji aliyekaa ng'ambo ya barabara asistahili hata kusukumwa na bega la polisi.

SWALI: Sisi ni wachumaji wa majani chai Kericho, na mimi ni mwakilishi wa wenzangu kazini. Kampuni ilikwenda mahakamani bila sisi kujua, ikapata amri inayosema OCS “asimamie utekelezaji na kuhakikisha usalama.” Kesho yake polisi walikuja kwenye uwanja ulio nje ya lango tulipokuwa tumekaa, wakatupa mabomu ya machozi na kutuambia mgomo umefutwa na mahakama. Je, amri hiyo inaweza kufuta mgomo? Tufanye nini? — Mwakilishi wa wafanyakazi, Kericho

JIBU: Pole sana kwenu, na hasa kwa wale walioumia. Amri ya kuhakikisha usalama haifuti mgomo. Mgomo unazuiwa na amri inayosema waziwazi kwamba mgomo umezuiwa, iliyotolewa na mahakama yenye mamlaka baada ya kupima kama sheria ilifuatwa. Ndiyo maana hatua yenu ya kwanza ni kupata nakala ya amri yenyewe, siyo maneno ya afisa wala muhtasari wa meneja, na kuisoma sentensi kwa sentensi. Nendeni kwenye masjala ya mahakama, au chama chenu kiifungue kupitia mfumo wa kielektroniki wa mahakama. Angalieni imewazuia nini: kuingia ndani ya kiwanda, kuzuia magari, kukaribia lango, au kugoma. Nimeona mara nyingi amri inayosema jambo la kwanza ikitekelezwa kana kwamba imesema la mwisho.

Nitasema wazi ninavyoamini. Amri ya ulinzi inayotolewa upande mmoja ukiwa haujasikilizwa ni chombo cha hatari katika mgogoro wa kazi, kwa sababu thamani yote ya mgomo iko katika siku zake za kwanza, na amri ya siku chache tu inaweza kuuua mgomo halali hata kama baadaye kampuni itashindwa kesi. Majaji waangalifu wanalijua hilo. Hupenda kuamuru wahusika wapewe hati na wafike kesho yake au keshokutwa, na wakitoa kitu chochote kwa upande mmoja hukifunga ndani ya mipaka: watu wasiumizwe, mali isiharibiwe, njia isizibwe. Maneno “OCS asimamie utekelezaji” bila mipaka yanamwachia afisa wa kituo aamue mwenyewe maana ya hukumu, na afisa huyo hakuisikia kesi.

Nendeni mahakamani kwa haraka mkiomba amri hiyo ifutwe au irekebishwe. Elezeni alichofichwa jaji, maana anayekwenda peke yake mahakamani ana wajibu wa kueleza ukweli wote, pamoja na unaomdhuru. Kama kampuni haikumwambia jaji kwamba mlitoa notisi ya siku saba, au kwamba msuluhishi alikuwa amekwisha kuandika cheti cha kutopatikana suluhu, hiyo peke yake ni sababu nzito ya kuifuta amri. Kisha ombeni ulinzi wenu wenyewe. Wengi hawajui kwamba ombi la ulinzi wa polisi si mali ya mwajiri. Kifungu cha 41 cha Katiba kinampa kila mfanyakazi haki ya kugoma, na kifungu cha 37 kinampa kila mtu haki ya kukusanyika, kuandamana na kusimama langoni kwa amani na bila silaha. Mnaweza kuiomba mahakama itamke kwamba mkutano wenu wa amani nje ya lango ni halali, iwazuie polisi kuutawanya, na iwaamuru wawalinde dhidi ya vijana wa kukodiwa, jambo ambalo kwenye maeneo ya mashamba makubwa si geni. Kanuni za mwaka 2013 za kutekeleza haki za kikatiba zinairuhusu mahakama kupokea hata barua au maelezo ya mdomo pale haki inapovunjwa, kwa hiyo umaskini wa kukosa wakili usiwafungie mlango.

Kuhusu mabomu ya machozi, Nyongeza ya Sita ya Sheria ya Huduma ya Taifa ya Polisi inamtaka afisa ajaribu kwanza njia zisizo za nguvu, na nguvu ikilazimika iwe sawa na kosa linalozuiwa. Watu waliokaa chini hawatoi sababu ya bomu. Waliojeruhiwa wapate fomu ya P3, ile ya polisi inayojazwa na daktari kuhusu majeraha, na karatasi za hospitali, na malalamiko yaende kwa IPOA, mamlaka huru ya kusimamia utendaji wa polisi. Mnakumbuka Februari 2024, katibu mkuu wa chama cha madaktari, Davji Atellah, alipojeruhiwa kichwani na kopo la bomu la machozi katika maandamano jijini Nairobi. Ikiwa kiongozi anayejulikana nchi nzima aliweza kuumizwa mbele ya kamera, mchumaji wa chai asiyejulikana na mtu anahitaji karatasi zake ziwe kamili zaidi.

Onyo moja, nalo nalitoa kwa sababu ninawajali. Hata amri mnayoamini ni mbaya, itiini mpaka ifutwe. Februari 2017 viongozi saba wa chama cha madaktari walihukumiwa kifungo cha mwezi mmoja kwa kukaidi amri ya kusitisha mgomo, na walikaa gerezani mpaka Mahakama ya Rufani ilipowaachia siku mbili baadaye. Na yale yaliyotokea Kericho kwenu Mei 2023, mashine za kuchuma chai zilipochomwa moto, yametumika na yataendelea kutumika kama kielelezo katika kila ombi la kampuni. Kila mara chama chenu kinapofika mbele ya jaji, kwanza kinalazimika kujitenga na moto ule, ndipo kisikilizwe juu ya ajira zinazomezwa na mashine hizo.

SWALI: Nina ghala la nafaka Mombasa. Nina vijana wangu wanne wa kupakua, lakini kila lori linapofika mahamali wa mtaa wanakuja na kudai kazi ni yao, na nikikataa wanadai walipwe hivyohivyo. Rafiki yangu mfanyabiashara aliyeishi India anasema huko watu huenda mahakamani kupata ulinzi wa polisi na jambo linakwisha. Je, kwetu inawezekana? — Mfanyabiashara, Mombasa

JIBU: Rafiki yako ana habari za kweli, ila jambo haliishi kwa wepesi huo. Anazungumzia bila shaka jimbo la Kerala, ambako ombi la ulinzi wa polisi kwa Mahakama Kuu, chini ya kifungu cha 226 cha Katiba ya India, limekuwa jambo la kila wiki katika migogoro ya upakuaji. Huko kuna sheria maalumu ya wapagazi, iitwayo Sheria ya Wapagazi ya Kerala ya 1978, inayowasajili na kuwagawia maeneo ya kazi. Pamoja na ulinzi huo kulizuka desturi iitwayo nokkukooli, ambapo kundi hudai kulipwa kwa mzigo uliopakuliwa na wengine au na mashine, wao wakiwa wamesimama tu. Serikali ya jimbo ilitangaza kuikomesha kuanzia tarehe 1 Mei 2018, lakini Septemba 2021 gari lililobeba vifaa vya kituo cha anga cha Vikram Sarabhai lilizuiwa na watu waliodai malipo hayo, na mwaka huohuo Mahakama Kuu ikaikemea serikali kwa kuruhusu desturi hiyo iendelee.

Anachopaswa kujua rafiki yako ni kwamba mahakama ya Kerala haimpi mwenye ghala polisi kwa kuomba tu. Inauliza kama eneo liko chini ya mpango wa wapagazi, na kama wafanyakazi wa mwombaji wamesajiliwa kufanya kazi hiyo. Ikiwa wapagazi wa mtaa wana haki ya kisheria juu ya kazi, mwombaji anaambiwa awape, au apeleke mgogoro kwenye bodi yao. Ulinzi unatolewa dhidi ya vitisho, hautolewi dhidi ya haki. Mahakama ya Juu ya India nayo ilionya mwaka 2006, katika shauri lililotoka Kerala lakini si la kazi, kwamba ombi la ulinzi wa polisi lisigeuzwe kesi ya madai ya kuamua nani mwenye haki inayobishaniwa.

India ina kesi nyingine ambayo ningependa kila ofisa wa leba na kila kamanda wa polisi aijue. Mwaka 1967, serikali mpya ya West Bengal ilipoingia madarakani, wafanyakazi katika viwanda vingi walikuwa wakiwazingira mameneja ofisini kwa saa nyingi, mbinu iliyoitwa gherao. Mwezi Machi serikali ilitoa waraka ukiwataka polisi wasiende kuwaokoa waliozingirwa mpaka Waziri wa Kazi apewe taarifa na atoe maelekezo, na waraka wa pili ukafuata Juni. Kampuni ya Jay Engineering Works na nyingine zikaenda Mahakama Kuu ya Calcutta. Jopo maalumu likiongozwa na Jaji Mkuu D. N. Sinha lilibatilisha nyaraka hizo, likisema kwamba kumfungia mtu asitoke ni jinai hata kama anayefanya hivyo ni mwanachama wa chama, na kwamba waziri hana mamlaka ya kusimama kati ya polisi na wajibu waliopewa na sheria. Kenya leo tuna jambo hilo ndani ya Katiba: kifungu cha 245 kinakataza mtu yeyote kumwelekeza Inspekta Jenerali juu ya kutekeleza sheria dhidi ya mtu fulani. Naona mara nyingi waajiri wanalinukuu hilo waziri anapowatetea wagomaji, na wanalisahau wao wenyewe wanapompigia simu mkubwa fulani ili lori la polisi lije alfajiri.

Kwa ghala lako, sisi hatuna sheria kama ya Kerala. Vijana wako ni waajiriwa wako, na hakuna hamali anayeweza kukulazimisha kisheria umlipe kwa kazi asiyoifanya. Kudai fedha kwa vitisho ni jinai. Andikisha OB, na polisi wakikataa kuchukua hatua unaweza kuomba amri. Lakini kabla ya hapo, ningekushauri uzungumze na mzee wa mahamali wa mtaa huo. Wengi wao wamebeba magunia katika mitaa hiyo kwa miaka mingi bila mkataba wala bima, na malori yanayofika wakati vijana wako wanne hawatoshi yanaweza kuwa kazi yao kwa makubaliano ya maandishi na bei inayojulikana.

SWALI: Tumeambiwa na kituo kwamba polisi wa kukaa kiwandani wakati wote wa mgomo watalipiwa na sisi. Je, ni halali au ni rushwa? — Meneja, Athi River

JIBU: Inategemea unachoomba. Kulinda watu na mali dhidi ya jinai ni wajibu wa polisi na hakulipiwi. Ukitaka zaidi ya kile ambacho polisi wenyewe wanaona kinatosha, kwa mfano maafisa walale ndani ya kiwanda badala ya kuja wanapoitwa, hapo malipo yanaweza kudaiwa. Mpaka huo ulichorwa na kesi ya kazi: mwaka 1921, wakati wa mgomo wa wachimba makaa Wales ya Kusini, mgodi wa Glasbrook ulitaka polisi wakae palepale mgodini ingawa msimamizi wa polisi aliona kikosi cha doria kingetosha; mgodi uliahidi kulipa, kisha ukakataa, na Baraza la Mabwana la Uingereza, lililokuwa mahakama ya juu kabisa huko wakati huo, likaamua kwamba ulipe. Sheria yetu ya mwaka 2011 nayo inamruhusu Inspekta Jenerali kutoa maafisa kwa matumizi ya binafsi kwa malipo. Malipo halali yana barua, kiwango na risiti ya serikali. Fedha inayopokewa mkononi na afisa wa langoni ni rushwa, na siku ya kesi itakuumiza: wagomaji wakithibitisha kwamba uliwalipa polisi pembeni, nani ataamini kwamba walikuja kulinda pande zote?

SWALI: Ninafanya kazi katika kiwanda cha nguo Nairobi. Sitaki kugoma, kwa sababu nina watoto watatu na mshahara wangu ndio kodi ya nyumba. Wenzangu wamesema nikipita lango watanivua nguo. Naogopa kwenda polisi, na naogopa kumwambia bosi. — Mama, Industrial Area

JIBU: Dada yangu, una haki ya kufanya kazi kama wao walivyo na haki ya kugoma, na hakuna mgomo duniani unaohalalisha kitisho hicho. Kukuita, kukusihi, hata kukwambia unawaangusha wenzako, hayo yanaruhusiwa na yamekuwa sehemu ya mgomo tangu zamani. Kumtishia mwanamke kumvua nguo ni jinai, na kulitekeleza ni kosa kubwa zaidi. Ukiwa na mwenzako unayemwamini, nenda kituoni uombe afisa wa dawati la jinsia, utaje waliosema na siku waliyosema. Pia mwendee kiongozi wa chama, hata kama unaona ni adui yako wiki hii. Chama chenye akili kinajua kwamba tukio moja la namna hiyo litaipa kampuni amri iliyokuwa ikiitafuta. Na ikiwa mwajiri ataomba ulinzi mahakamani, hati yako ya kiapo inaweza kuambatishwa. Usiape, hata hivyo, jambo ambalo hukuliona kwa macho yako kwa sababu tu meneja wa rasilimali watu amekuandikia. Mgomo utakwisha, na utarudi kuketi kwenye cherehani iliyo kando ya zao.

SWALI: Je, haya yanahusu Tanzania? — Msomaji, Tanga

JIBU: Kwa sehemu. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inatambua haki ya kugoma baada ya mgogoro wa maslahi kupita kwenye usuluhishi wa Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, kura kupigwa na notisi ya saa 48 kutolewa. Tofauti kubwa ni kwamba sheria hiyo inakataza kusimama langoni kuwashawishi wengine, inakataza kumfungia mwajiri ndani au kumzuia asiingie, na kwa upande wa pili inamkataza mwajiri kuleta watu wa kuziba nafasi za wagomaji wakati mgomo ni halali. Kwa hiyo wagomaji wa Kericho wanaoomba kulindwa nje ya lango wana msingi ambao wenzao wa Tanga hawana. Lakini mfanyakazi wa Tanga ana ngao dhidi ya vibarua wa kukodiwa, na kuhusu hiyo ngao naona sheria ya Tanzania imemtendea haki mgomaji. Maombi ya kuzuia mgomo yanakwenda Divisheni ya Kazi ya Mahakama Kuu.

SWALI: Tulipata amri ya ulinzi. OCS anaisoma, anaikunja, anaiweka kwenye droo. Tufanye nini? — Katibu wa chama, Kisumu

JIBU: Hakikisha kwanza mmeikabidhi ipasavyo: nakala yenye muhuri wa mahakama, ipokelewe ofisini kwake kwa sahihi na tarehe, na nyingine ipelekwe kwa Inspekta Jenerali na Mwanasheria Mkuu. Kisha aliyeikabidhi aape hati ya kiapo akieleza saa, mahali na maneno aliyoambiwa, na kama ni kweli kwamba iliwekwa kwenye droo, asiache kulitaja hilo. Mwandikieni OCS barua ya kumpa siku moja, mkimkumbusha sharti mahususi la amri analolikiuka. Asipotii, rudini kwa jaji yuleyule mkiomba OCS aitwe afike mwenyewe aeleze kwa nini asiadhibiwe kwa kudharau mahakama. Ombi la aina hii halielekezwi kwa “polisi” kwa jumla. Linamhitaji mtu aliyejua amri na akaikaidi, kwa hiyo mtajeni kwa jina lake pamoja na cheo, maana akihamishwa kituo kesho, cheo kitabaki na yeye atakuwa amekwenda. Someni pia amri yenu tena kabla ya kurudi. Kama inasema tu “polisi watoe usalama,” jaji anaweza kukosa cha kumshika nacho. Ombeni ifafanuliwe: maafisa wafike lango gani, saa ngapi za zamu, na walinde nini.